Kwa wewe unayeanza kutunga muziki wa filamu: msikilize Wojciech Kilar

Kabla hujafungua kompyuta yako, itazame filamu ya The Pianist ya mwaka 2002, kisha hesabu ni mara ngapi unasikia muziki ambao si wa Chopin, mtunzi wa piano wa Poland wa karne ya 19. Ni mara chache mno. Mhusika mkuu ni mpiga piano wa Warsaw, kwa hiyo Chopin ndiye anayebeba filamu. Mtunzi aliyepewa kazi hiyo, Wojciech Kilar wa Poland, ana kipande kimoja tu kwenye albamu yake: klarineti inayoimba juu ya vyombo vya nyuzi, Wayahudi wakihamishiwa geto, mtaa walikofungiwa na Wanazi. Kwa filamu hiyohiyo Wafaransa walimpa tuzo ya César ya muziki bora.

Mimi kazi yangu ya kwanza niliijaza muziki tangu majina ya mwanzo hadi ya mwisho. Kulikuwa na tukio la mama anayeosha vyombo usiku huku akimsubiri mwanawe. Nikaweka fidla, filimbi, hata ngoma kwa mbali. Mwongozaji alisikiliza mpaka mwisho, akarudisha nyuma, akazima muziki wangu. Tukasikia maji, sufuria ikigusa sinki, kisha mama anaacha kusugua kwa sababu amesikia hatua nje. Tukio lilikuwa limekamilika kabla sijaligusa. Tangu siku hiyo kila filamu ninaitazama kwanza bila noti hata moja, na ninaandika kwenye daftari sehemu ambazo sitaweka kitu.

Kilar hakuwa mtu wa noti chache kwa kukosa ufundi. Alizaliwa Lwów mwaka 1932 (leo ni Lviv, Ukraine), akahitimu chuo cha muziki Katowice mwaka 1955, kisha akaenda Paris kwa mwalimu Nadia Boulanger. Miaka ya 60 alikuwa pamoja na Penderecki na Górecki katika kundi la vijana wa Poland walioupindua muziki wa kisasa. Sikiliza kazi yake Riff 62 uone orkesta inavyoweza kuunguruma.

Halafu mwaka 1974 akaleta kazi ya orkesta, Krzesany, kwenye tamasha la muziki mpya la Warsaw. Jina ni la ngoma ya kucheza ya watu wa milima ya Tatra, kusini mwa Poland. Huko bendi ni fidla inayoongoza, fidla nyingine zinazoshikilia mapigo, na besi ndogo ya nyuzi tatu. Hapa ndipo ninapotaka ukae muda mrefu. Kilar hakuichukua ngoma ya kijijini akaivisha suti. Aliuacha ukali wake, zile sauti zinazosuguana, na mwishoni orkesta nzima inalipuka kama bendi nyingi zinazopiga kwa pamoja. Kelele alizojifunza ujanani ndizo zilizomwezesha. Kwa hiyo usitupe ulichojifunza kwa sababu tu umebadili njia.

Zoezi ninalowapa wanaoanza linatokana na Orawa, kazi yake ya mwaka 1986 ya vyombo vya nyuzi peke yake. Kifungu kifupi kinarudiwa, kinaongezewa watu, kinakazwa, hadi wapigaji wenyewe wanapaza sauti: “Hej!” Chukua noti nne, zipige dakika mbili bila kuongeza ya tano. Badilisha anayepiga, nguvu, na mahali upinde unapogusa waya. Wengi huchoka baada ya sekunde 20. Endelea, maana hapo ndipo sikio linapoanza kufanya kazi.

Kuhusu kupata kazi, nina ushauri mmoja tu: shikamana na mwongozaji mnayeelewana. Kilar na mwongozaji Krzysztof Zanussi walianza pamoja mwishoni mwa miaka ya 60 na hawakuachana hadi uzeeni. Mwongozaji wa Marekani, Coppola, alipompa filamu ya Dracula, ilikuwa 1992, na Kilar alikuwa na miaka 60.

Alifariki Katowice mwezi Desemba 2013. Polonezi, yaani muziki wa dansi ya Kipoland, aliyoiandika kwa ajili ya filamu ya Pan Tadeusz ya mwaka 1999 ilitoka kwenye sinema ikaingia mashuleni: takriban siku mia kabla ya mtihani wa mwisho wa sekondari, wanafunzi wa Poland hufanya dansi kubwa, na katika shule nyingi huingia ukumbini wawili wawili, wameshikana mikono, kwa mapigo yale.