Kabla ya Kununua Kuni za Mlimani, Soma Gome

Mimi ni mtu wa Njombe. Nimekulia kwenye ukungu, mipaina na miwati, na nilipohamia Colorado nilijiona mtaalamu wa mambo mawili: baridi na kuni. Baridi ilininyoosha wiki ya kwanza. Kuni zikasubiri mwaka wa pili.

Tulipanga nyumba yenye jiko la kuni huko milimani, magharibi mwa Denver. Mwezi wa kumi nikaletewa kordi moja. Kordi ndicho kipimo cha kuni cha huku: rundo la futi nne kwenda juu, nne upana na nane urefu, kama mita 3.6 za ujazo. Kwa macho zilikuwa kuni nzuri, nyeupe, zimenyooka, zinapasuka kwa pigo moja la shoka. Nikawa nabeba vipande sita kwa mkupuo bila kuhema, na hapo ndipo ningeshtuka, kwa maana kuni za mwati hubebi hivyo. Krismasi haijafika, nusu ya rundo ilishakuwa majivu, na kila usiku naamka mara mbili kuchochea moto huku mke wangu akiniuliza kama huo ndio utaalamu wa Njombe.

Jirani yetu, mzee aliyekata magogo ujanani, alikuja akaokota kipande, akakigeuza upande wa gome, akacheka. "Spurusi," akasema. Hata mbao hakuitazama. Sikudhulumiwa, niseme ukweli. Muuzaji hakunidanganya, ila mimi sikuuliza, na hata angenitajia jina lisingenisaidia kitu. Wikiendi iliyofuata nikamwomba mzee anipeleke msituni anionyeshe.

Mti wenyewe ni mspurusi wa Engelmann, mti wa majani ya sindano kama mpaina. Umepewa jina la George Engelmann, daktari Mjerumani aliyehamia St. Louis katika karne ya 19 na kuwa mmoja wa mabingwa wa mimea ya Marekani. Unaota katika Milima ya Rocky, kuanzia British Columbia na Alberta kule Kanada hadi Arizona na New Mexico. Hapa Colorado usiutafute mjini. Denver iko mita 1,600 juu ya usawa wa bahari. Mspurusi huu unaanza kutawala kwenye mita 2,700 hivi na kupanda hadi karibu mita 3,500, miti inapokoma na kubaki mawe na majani. Waliopanda Kilimanjaro kwa njia ya Marangu watanielewa. Kambi ya Mandara iko mita 2,700, na hapo msitu unakuaga. Huku, kwenye kimo hichohicho, msitu huu ndio kwanza unakukaribisha.

Unapenda theluji inayochelewa kuyeyuka, miteremko inayotazama kaskazini, na kandokando ya vijito. Penye kinga unafika mita 30 na zaidi, na miti yenye miaka 300 si ya kutafuta kwa tochi. Juu kabisa, upepo unaukandamiza mpaka unatambaa kama kichaka, na matawi ya chini yakigusa udongo yanatoa mizizi. Kichaka kinachokufika magotini kinaweza kumzidi babu yako umri, kwa hiyo usikikanyage wala usikikate kwa ajili ya moto wa chai.

Sasa gome, maana ndilo lililonifikisha huku. Gome la mspurusi wa Engelmann ni jembamba, na limegawanyika vigamba vidogo vilivyolegea, kama rangi ya zamani inayobanduka kwenye bati. Ukipitisha kiganja vinadondoka. Rangi yake ni kahawia inayoelekea wekundu, mara nyingine kijivu chenye zambarau kwa mbali. Lile la mberoshi, ule ambao huku wanauita fir, na karibu kila mara umesimama jirani yake, ni la kijivu na laini ukiwa mchanga, lina malengelenge yaliyojaa utomvu; ukiyatumbua, utashinda siku nzima vidole vinanata. Mpaina wa ponderosa wa kule chini una gome nene la rangi ya chungwa, limepasuka mabamba makubwa, na siku ya jua ukiliwekea pua linanukia kama vanila. Huo hauwezi kukuchanganya.

Unaochanganya ni mpaina uitwao lodgepole, kwa sababu nao una gome jembamba la vigamba. Hapo acha gome, shika majani. Sindano za mpaina huo zinatoka mbilimbili. Za mspurusi zinatoka mojamoja, na ukiviringisha moja kati ya vidole unasikia pembe nne, kama njiti ya kiberiti. Ya mberoshi ni bapa, haiviringiki. Sindano za mspurusi zikipukutika zinaacha vijisiki kwenye kijitawi, kikawa kinakwaruza kama tupa ya fundi. Kisha zifikiche unuse. Watu wanasema miti hii yote inanukia Krismasi. Engelmann unanuka kicheche, kwa mbali lakini kicheche.

Kuna na ndugu yake, mspurusi wa buluu, mti rasmi wa jimbo hili tangu 1939. Huo unakaa chini zaidi, mabondeni penye vijito, sindano zake zinachoma kweli na koni zake ni ndefu. Koni za Engelmann hazizidi kidole cha kati, na magamba yake ni mepesi kama karatasi iliyochanika ukingoni.

Wembamba wa gome hilo una gharama. Ponderosa ukipitiwa na moto wa chini kwa chini unaungua juujuu tu na kuendelea na maisha. Mspurusi unakufa, kwa sababu joto linafika ndani mara moja. Mizizi nayo haijaenda chini, imetandaa tu, kwa hiyo upepo mkali unaulaza mti mzima na udongo wake. Mwezi Juni 1939 upepo uliangusha miti mingi sana katika uwanda wa White River, kaskazini magharibi mwa Colorado. Magogo yale yakawa chakula cha mbawakawa mdogo kama punje ya mchele anayezaliana chini ya gome. Alipoyamaliza yaliyolala akahamia yaliyosimama, na katika miaka ya 1940 akaua misitu kwa misitu. Miaka ya karibuni amerudi, safari hii kusini. Moto mkubwa wa West Fork wa mwaka 2013 uliteketeza zaidi ya hekta 40,000, na sehemu kubwa ilikuwa mispurusi aliyokwisha kuiua.

Ukipiga kambi, hapa ndipo pa kuwa makini. Mpaina ukiuawa na wadudu unageuka mwekundu, kila mtu anauona. Mspurusi haukupi taarifa. Sindano zinapauka kidogo, zinapukutika, na wewe mgeni unaendelea kuuona mti kama miti. Kwa hiyo tazama shina. Kuna unga wa kahawia kwenye nyufa za gome, kama ule wa bungua kwenye boriti? Je, vigong'ota wamebandua magamba mpaka shina likabaki na rangi ya chungwa, na vipande vimelundikana chini? Hema lisikae hapo. Sisi tulipiga hema mahali pazuri sana karibu na kijito, saa tisa usiku upepo ukaamka, na mti ukaanguka kama hatua thelathini kutoka kwa wanangu. Asubuhi nikazunguka kambi nzima nikihesabu mashina yaliyobanduliwa. Yalikuwa saba, na jioni ile nilikuwa nimeegemeza baiskeli kwenye mojawapo.

Wakati wa theluji, usipite karibu na shina. Matawi ya chini yanazuia theluji isijae, na kuzunguka mti kunabaki shimo lililofunikwa juujuu. Watelezao kwa ski huzama humo kichwa chini na kufa. Waambie watoto.

Sasa matumizi, nisije nikaonekana nautukana mti kwa sababu ya kordi moja. Mbao zake ni nyepesi, zimenyooka, hazina utomvu mwingi, na zinapigika misumari vizuri. Zimejenga nyumba za magogo, zimeshikilia mahandaki ya migodi, zimekuwa nguzo za simu na karatasi. Duka lolote la mbao huku, zile mbao za fremu za kuta zenye muhuri wa SPF ni mchanganyiko wa spurusi, mpaina na mberoshi. Miti iliyokauka ingali imesimama baada ya kuliwa na mbawakawa bado inafaa kujengea, na wengine wanapenda madoa ya kijivu na buluu yanayoachwa na fangasi wanaoletwa na mdudu huyo. Mimi nimetengenezea rafu za jikoni.

Lakini heshima kubwa ya mti huu iko kwenye muziki. Kwa kuwa unakua polepole, miduara yake imebanana na kunyooka, na ubao mwembamba unatetemeka vizuri. Mafundi wa gitaa zisizo za umeme wanautafuta kwa ajili ya uso wa mbele, ule wenye tundu. Nimewahi kushika gitaa la namna hiyo dukani, jeupe kama maziwa. Bei yake niliisoma mara mbili, nikalirudisha taratibu. Wenyeji wa British Columbia, kabla ya misumeno, walibandua gome kutengenezea vikapu na hata mitumbwi, na mizizi ilipasuliwa ikawa nyuzi za kushonea.

Machipukizi ya mwanzo wa kiangazi yanachemshwa kama chai, yana vitamini C. Ni chachu, ongeza asali. Ila chuma msituni baada ya kuutambua mti kwa njia zote nilizotaja, usichume kwenye ua wa mtu: huko hupandwa miti ya mapambo iitwayo yew, yenye majani ya namna hii, na hiyo ni sumu ya kuua.

Ukitaka kuni zako mwenyewe, nunua kibali kwenye ofisi ya Idara ya Misitu ya eneo husika, usome kimeruhusu mti gani na wapi. Ndani ya hifadhi ya taifa usiokote hata kijiti. Na kuni zenye gome usizisafirishe mbali, kwa maana unasafirisha na wadudu.

Ukinunua, muulize muuzaji aina ya mti kabla ya bei, kisha geuza vipande vitatu vinne utazame gome. Kordi ya mwaloni inakupa joto zaidi ya mara moja na nusu ya kordi ya mspurusi, kwa hiyo bei haziwezi kulingana. Zangu zilizobaki sikuzitupa. Nazichana vijiti vya kuwashia, naweka viwili vitatu chini na gogo la mwaloni juu, na siku hizi silali nikisikilizia moto.