Swali la Lugha: Antigone wa Usukumani ametafsiriwa au ametoholewa?

SWALI: Mimi ni mwalimu wa sekondari jijini Mwanza na ninasimamia kikundi cha maigizo. Tumechukua Antigone, tamthilia ya Mgiriki wa kale Sophocles, tukaileta Usukumani, enzi za watemi. Mfalme Creon amekuwa Mtemi, na nafasi ya wale wazee wa kwaya tumempa manju, kiongozi wa ngoma, na wachezaji wake. Bango letu linasema "Tanzia ya Sophocles, imetafsiriwa na…" Mwenzangu mmoja anasema haikutafsiriwa, imetoholewa. Mwingine anasema yanayotoholewa ni maneno tu. Na mkuu wa shule hataki neno "tanzia" getini, anaogopa watu watadhani tumefiwa. Tuandike nini?

JIBU: Mwalimu, mwenzako wa kwanza amesema kweli. Kazi yenu imetoholewa, na ningependa bango liseme hivyo waziwazi.

Huyo wa pili naye hajakosea sana, maana tohoa ni neno la wanaisimu kwanza. Shati lilipoingia kutoka Kiingereza liliongezwa irabu mwishoni, likapewa ngeli, likazaa wingi: shati hili, mashati haya. Leo hakuna anayelivaa huku akifikiria Uingereza. Walimu wa fasihi walilichukua neno hilo na kulipeleka kwenye tamthilia na riwaya, na nadhani walifanya vizuri, kwa sababu kinachotokea ni kilekile. Mchezo unatoka kwao, unapewa majina, ukoo na desturi za wenyeji, kisha unasimama wenyewe.

Tazama mchezo mmoja uliopita njia zote mbili. S. S. Mushi alimleta Oedipus, mfalme wa mchezo mwingine wa Sophocles, kwa Kiswahili mwaka 1971 kwa jina la Mfalme Edipode. Mfalme yule bado anatawala Thebes ya Ugiriki na miungu ni ya Kigiriki. Kilichobadilika ni lugha. Hiyo ni tafsiri. Ola Rotimi wa Nigeria alikuwa ameshapandisha jukwaani The Gods Are Not to Blame mwaka 1968. Humo mfalme ni Odewale, mji ni Kutuje, na methali ni za Kiyoruba. Hadithi ni ileile ya mtu aliyemuua baba yake na kumwoa mama yake bila kujua, lakini huwezi kusema Rotimi amemtafsiri Sophocles. Amemtohoa.

Kuna kosa ninalokutana nalo mara kwa mara, nalo ni kudhani kwamba tafsiri ikiwa na ladha ya Kiswahili sana basi imekuwa utohozi. Hapana. Tafsiri nzuri hutafuta neno la kwetu linalobeba uzito uleule. Antigone yenyewe inatupa mifano mizuri mno, na sehemu hii naipenda kuliko zote.

Mstari wa kwanza kabisa Antigone anamwita dada yake Ismene kwa neno lenye adelphos ndani yake. Adelphos ni ndugu, lakini Mgiriki alilijenga neno hilo kwa maana ya "wa tumbo moja". Tafsiri nyingi za Kiingereza huishia "dada" tu. Sisi tunalo: ndugu yangu wa tumbo moja. Na katika ukoo huu msemo huo unatisha, maana tumbo la mama yao Jocasta lililowazaa wao ndilo lililomzaa baba yao, Oedipus. Mtazamaji anayeijua hadithi atashtuka tangu sentensi ya kwanza.

Mistari michache mbele, Antigone anaeleza amri ya Creon juu ya maiti ya kaka yake Polyneices: mtu yeyote asimfunike kwa kaburi wala asimlilie. Sophocles ametumia kitenzi cha kufunika. Mfasiri mwenye haraka ataandika "asizikwe". Lakini sisi tukitoka makaburini tunasema tumemsitiri ndugu yetu. Kusitiri ni kufunika na ni kulinda heshima ya mtu kwa pamoja; na binti huyu, mikono mitupu, anachoweza ni kumnyunyizia kaka yake vumbi jepesi. Hakumzika kwa maana ya kuchimba. Alimsitiri. Ukitumia neno hilo umetafsiri, tena umetafsiri kwa ukaribu kuliko wengi.

Vivyo hivyo na undugu wa Creon. Kiingereza kina neno moja kwa baba mdogo na kwa mjomba. Kiswahili kinakulazimisha uchague, na jibu liko kwenye ukoo: Creon ni kaka yake Jocasta, kwa hiyo ni mjomba. Mjomba anamhukumu kifo mtoto wa dada yake. Hata hapo bado tuko Thebes na bado ni tafsiri.

Nyinyi mlivuka mpaka pale mlipomfanya Creon kuwa Mtemi na kuleta manju. (Kuhusu manju, hongereni. Neno letu kwaya ni kitukuu cha khoros ya Kigiriki, na khoros walikuwa wanaimba na kucheza kwa pamoja. Mmewarudishia miguu yao.)

Watu wengine huandika "imerekebishwa". Siipendi, kwa kuwa kinachorekebishwa ni kilichokuwa na kasoro, na Sophocles hakuwaachia kasoro. "Imeigwa" ni mbaya zaidi. Inawanyang'anya nyinyi jasho lenu. Ipo pia michezo isiyoingia kokote. Katika The Island ya Athol Fugard, John Kani na Winston Ntshona, iliyoonyeshwa mwaka 1973, wafungwa wawili wa Afrika Kusini wanaandaa kipande cha Antigone gerezani. Hapo ningesema tu kwamba mchezo umejengwa juu ya Antigone.

Sasa tanzia, jina la mchezo unaoishia kwa maafa. Hofu ya mkuu wa shule ina msingi. Wengi wetu tumelijua neno hilo redioni, kabla ya jina la marehemu na mahali pa mazishi. Asili yake ni Kiarabu, taʿziya, yaani kumpa pole mfiwa, na kutoka hukohuko tumepata taazia. Lakini kulipeleka jukwaani si uzushi wa vitabu vya shule. Waajemi nao walilichukua neno hilohilo wakaliita igizo la kumwomboleza Imamu Hussein aliyeuawa Karbala, ambalo huchezwa mwezi wa Mfunguo Nne. Wagiriki wenyewe walisema tragoidia, wimbo wa mbuzi, na wataalamu bado wanabishana ni mbuzi gani. Neno letu linasema wazi zaidi kinachomngoja mtazamaji. Msiliondoe. Litangulizeni "tamthilia ya" na hakuna atakayekuja getini na rambirambi.

Angalieni pia upatanisho. Tamthilia imetoholewa, mchezo umetoholewa, igizo limetoholewa. Na tumieni "na" kwa mtendaji, "kutoka" kwa chanzo. Bango lisomeke hivi, chini ya jina mlilochagua:

Tamthilia ya tanzia
Imetoholewa na (jina la kikundi)
kutoka Antigone ya Sophocles

Kama hamkusoma Kigiriki, ongezeni mstari wa nne: "kwa kutumia tafsiri ya Kiingereza ya…" na jina la mfasiri. Sophocles alifariki zaidi ya miaka 2,400 iliyopita na hana anayemdai hakimiliki. Mfasiri wake wa Kiingereza huenda yu hai na kazi yake inalindwa, kwa hiyo kabla ya kuuza tiketi fungueni kurasa za mwanzo za kitabu mlichotumia, mwone mwaka, mchapishaji na masharti ya kuigiza, na mwandikieni kuomba ruhusa.