Pipi za sikukuu bila oveni: chunga maji, usiwe na haraka

Mara ya kwanza kutengeneza pipi za sikukuu mwenyewe, chokoleti yangu yote iliharibika nusu saa kabla wageni hawajabisha hodi. Nilikuwa nimeweka bakuli juu ya sufuria ya maji yanayochemka, nikalifunika ili chokoleti iyeyuke upesi. Nilipofunua, maji yaliyokuwa yamejikusanya chini ya mfuniko yakadondoka ndani. Hayakufika hata kijiko cha chai. Nikakoroga mara tatu, mara nne, na chokoleti iliyokuwa laini na ya kung'aa ikageuka tope zito lenye chembechembe, likagoma kutoka kwenye mwiko. Nilisimama pale nikijua kwamba sina chokoleti nyingine ndani ya nyumba.

Tangu siku hiyo nimetengeneza pipi za namna hii kila sikukuu, na ninachotaka kukuambia ni kwamba ufundi wake hauko kwenye sukari. Uko kwenye maji na joto. Mtu akizichunga hizo mbili, hahitaji oveni, kipimajoto wala mafunzo ya mwaka mzima.

Chokoleti ni chembe ndogo sana za kokoa na sukari zinazoelea ndani ya mafuta ya kokoa. Ni kitu kikavu, ingawa ikiyeyuka inaonekana kama kimiminika. Tone la maji likiingia, sukari inalowa na kuanza kunata, chembe zinashikana na kuwa madonge. Cha ajabu ni kwamba dawa yake ni kuongeza majimaji zaidi. Ukitia maziwa ya moto kijiko kimoja kimoja huku unakoroga kwa nguvu, sukari inayeyuka kabisa na mchanganyiko unalainika tena. Hutaweza kuchovyea pipi, kwa sababu haitaganda ikawa ngumu, lakini ni mchuzi mzuri wa kumwagia keki au matunda. Laiti ningejua hilo siku ile, nisingeimwaga.

Kwa hiyo kabla sijagusa chokoleti, nafuta bakuli, kisu, ubao na mwiko kwa kitambaa kikavu, hata kama vinaonekana vikavu. Mwiko wa mbao nimeacha kuutumia kwa kazi hii kwa sababu unaficha unyevu ndani yake. Mwiko wa mpira ni bora. Maji ya kwenye sufuria yawe kina cha vidole viwili tu, yasiguse kitako cha bakuli. Yakianza kuchemka nazima moto, halafu ndipo naweka bakuli juu. Mafuta ya kokoa huyeyuka karibu na nyuzi 34, chini ya joto la mwili wako, ndiyo maana chokoleti huyeyuka ulimini. Moto mkali ni wa nini? Ukitumia maikrowevu, ipashe sekunde 30, toa, koroga, rudisha. Acha vipande vichache vikiwa bado vizima, vitamalizikia kwenye joto la bakuli lenyewe. Chokoleti nyeupe na ile ya maziwa huungua upesi kuliko nyeusi, kwa hiyo kwa hizo punguza muda.

Kama hujawahi kufanya kazi hii, anza na pipi laini ya maziwa mazito. Ninaipenda kwa sababu inasamehe. Unahitaji kopo moja la maziwa mazito yenye sukari, lile la gramu 397 hivi, gramu 450 za chokoleti nyeusi iliyokatwakatwa, gramu 30 za siagi, chumvi kidogo na vanila. Kama unatumia chokoleti ya maziwa, ongeza ifike gramu 550, kwa sababu yenyewe ni laini zaidi na pipi inaweza kukataa kushika. Tia maziwa, siagi na chokoleti kwenye sufuria nzito, moto mdogo kabisa, na usiondoke. Mwanzoni utaona michirizi ya kahawia ndani ya weupe, kisha rangi inakuwa moja, kisha mchanganyiko unaanza kuwa mzito na kuacha kuta za sufuria kila mwiko unapopita. Ukiuona mwiko unachora njia na njia hiyo inakaa kidogo kabla ya kufunga, epua. Ukiendelea kupika, mafuta yatajitenga na kuelea juu.

Ndipo utie chumvi na vanila. Naomba usiiruke chumvi. Maziwa hayo ni matamu sana, na bila chumvi mtu anakula kipande kimoja na kinamkinai. Mimina kwenye trei ya mraba ya sentimita 20 iliyotandikwa karatasi ya kuokea, karatasi ipite kingo za trei ili baadaye uinue donge zima kwa mikono miwili. Nyunyizia karanga zilizokaangwa juu ukipenda, uzikandamize kidogo kwa kiganja. Weka kwenye friji kwa muda wa saa nne. Wakati wa kukata, chovya kisu kwenye maji ya moto, kifute kikauke kabisa, kata mara moja, kifute tena. Hapo ndipo utapata vipande vyenye kingo zilizonyooka kama vya dukani.

Vibonge vya chokoleti na krimu vinaonekana vya kifahari, lakini kazi yake ni fupi kuliko hiyo. Kanuni ni sehemu mbili za chokoleti nyeusi kwa sehemu moja ya krimu, kwa uzito: gramu 200 kwa 100. Pasha krimu mpaka ianze kutoa vipovu pembeni, imwage juu ya chokoleti iliyokatwa ndogondogo, kisha usiguse kwa dakika mbili. Ngumu ni hizo dakika mbili, maana mkono unawasha kukoroga. Baada ya hapo koroga taratibu kuanzia katikati kwenda nje. Hapa utaniuliza, krimu si ina maji? Ina maji, lakini ni mengi ya kutosha kuyeyusha sukari yote, kwa hiyo chembe hazishikani. Yale matone machache ndiyo yanayoharibu. Mchanganyiko ukigawanyika na kuonekana wa mafuta mafuta, tia kijiko cha maziwa ya vuguvugu na upige mpaka urudi kung'aa. Ukishaganda, chota kwa kijiko kidogo, viringisha, garagaza kwenye unga wa kokoa. Mikono ikipata joto, ioshe kwa maji baridi na uikaushe vizuri. Usisahau kuikausha.

Vya nazi havina hata haja ya jiko. Changanya gramu 150 za nazi kavu iliyokunwa na gramu 200 za maziwa mazito, acha nusu saa nazi inywe maziwa, ndipo uviringishe. Watu wengi huona mchanganyiko ni laini wakaongeza nazi papo hapo. Kesho yake vibonge vinakuwa vikavu, vinapasuka. Subiri kwanza. Ukibana kidogo mkononi na kikashika umbo bila kunata, kiko tayari.

Vya siagi ya karanga: gramu 250 za siagi ya karanga, gramu 60 za siagi laini, gramu 200 za sukari ya unga, chumvi. Kanda, viringisha, weka kwenye friji vigande kabla ya kuvichovya kwenye chokoleti. Hii ndiyo kazi niliyowaachia watoto wangu kwa miaka kadhaa sasa. Hakuna moto, hakuna kisu. Vibonge vyao havilingani ukubwa, na wageni huvimaliza kwanza.

Nikifika kwenye kuchovya, nataka nikae kidogo, kwa sababu hapa ndipo wengi hukata tamaa. Unachovya vizuri, pipi inapendeza, asubuhi unaikuta ina madoa meupe kama ukungu. Si ukungu. Ni mafuta ya kokoa yaliyopanda juu kwa sababu yaliganda ovyo. Mafuta hayo yana namna kadhaa za kuganda, na moja tu ndiyo inayotoa mng'ao na ule mlio wa kuvunjika. Chokoleti ya dukani tayari imegandishwa kwa namna hiyo, kwa hiyo itumie ikufundishie iliyoyeyuka. Yeyusha theluthi mbili, epua, tia theluthi iliyobaki ikiwa imekatwa ndogondogo, koroga bila kuchoka mpaka vipande viishe. Chokoleti nyeusi ikifika nyuzi 31 au 32 iko tayari. Ya maziwa ni chini yake kidogo. Mimi hupaka tone kwenye mdomo wa chini: likiwa na ubaridi kidogo, liko sawa. Kisha paka kidogo kwenye karatasi. Ikiganda kwa dakika tano na kung'aa, chovya. Ikibaki laini, ongeza vipande vingine uendelee kukoroga.

Na kama siku hiyo huna subira hiyo, usichovye. Viringisha kwenye kokoa, kwenye nazi au kwenye karanga zilizopondwa. Ni uzuri wa namna nyingine, na hakuna atakayejua ulikuwa na mpango tofauti.

Friji nayo ina mtego wake. Pipi baridi ikitolewa na kufunguliwa papo hapo, hewa yenye unyevu inagusa ubaridi na kuacha umande juu yake. Umande unayeyusha sukari, na ukikauka unaacha ngozi nyeupe yenye ukwaruzo. Kwa hiyo weka pipi kwenye chombo chenye mfuniko unaobana, na ukikitoa kiache kimefungwa mpaka kipoteze ubaridi. Za maziwa mazito hukaa wiki mbili kwenye friji. Za krimu nazimaliza ndani ya wiki moja. Panga tabaka kwa karatasi, na usichanganye zenye kokoa na zenye nazi kwenye chombo kimoja, kokoa itachafua kila kitu.

Kuna mapishi yanayokutaka utie unga wa ngano mbichi ili pipi iwe na ladha ya donge la biskuti. Mimi siyafuati. Unga mbichi unaweza kubeba vijidudu, na hapa hakuna moto wa kuviua. Mayai mabichi nayo siyatii. Karanga nzima siwapi watoto wa chini ya miaka mitano, zinaweza kuwakaba. Nazisaga au nazitoa kabisa.

Ukigawa kama zawadi, andika kwenye kila boksi kilichomo: karanga, maziwa, nazi. Mtu mwenye mzio wa karanga anaweza kupata shida kubwa kwa kipande kimoja, na kwa sura tu kibonge cha karanga na cha krimu havitofautiani. Mimi hutengeneza vya karanga mwisho kabisa, vingine vyote vikishafungwa, ili chembe zisihame kwa mikono na vyombo. Na kama unakokwenda kuna mbwa, mwambie mwenyeji aweke boksi juu. Chokoleti ni sumu kwa mbwa, hasa nyeusi, na mbwa hana shida ya kufungua utepe.