Meinrad si baiskeli yako, mwanangu

Shikamoo Shangazi. Mimi ni mama wa miaka 29, ninaishi Dar es Salaam, na wiki tano zilizopita nimejifungua mtoto wangu wa kwanza, wa kiume. Mume wangu ni mtu wa Songea. Amenishangaza kwa kushikilia kwamba mtoto aitwe Meinrad, jina la marehemu baba yake, aliyebatizwa na mapadri Wajerumani wa Peramiho. Mimi nilishachagua Jayden Alfred. Alfred ni baba yangu mzazi. Hilo Meinrad ni jina la kizamani, hakuna anayeweza kulitamka, shuleni watamwita Radi, na nilipoliingiza kwenye programu ya kutafsiri katika simu likaniletea maana ya "baiskeli yangu". Tena ni jina la wakoloni waliowanyonga wazee wa Songea. Mama mkwe, ambaye yupo hapa tangu nijifungue, anamwogesha mtoto huku akimwita Meinrad bila kunishirikisha. Mume wangu ni mtu mwema, ila mbele ya mama yake hana sauti. Wakati wa ujauzito alilitaja jina hilo mara moja mbili, nami sikusema kitu kwa kuwa nilidhani anatania. Keki na fulana za arobaini zimeshaagizwa kwa jina la Jayden. Nifanyeje ili wanielewe?
Mama Jayden, Dar es Salaam

Marahaba, mwanangu, na hongera kwa kujifungua salama. Ninajua wiki tano za mwanzo zilivyo, usingizi ni wa kuazima na machozi hayaombi ruhusa, kwa hiyo nakupa pole ya dhati. Pole yenyewe inaishia hapa, kwa sababu barua yako nimeisoma mara tatu, na kila niliporudia nilimwona mumeo akizidi kuwa na haki.

Umejiita Mama Jayden. Hukuandika kuomba shauri, umeandika kutafuta muhuri wa kupiga juu ya uamuzi ambao keki yake imeshaagizwa. Unasema mumeo amekushangaza, kisha mistari michache baadaye unakiri mwenyewe kwamba alilitaja jina hilo tangu ukiwa mjamzito, nawe ukanyamaza. Mwanamume anayemtaja marehemu baba yake mbele ya mkewe mwenye mimba hatanii, na wewe hukudhani anatania, ulitumaini atasahau.

Tuanze na baiskeli, maana hiyo imenifanya niweke kikombe cha chai chini nicheke kwanza. Simu yako haikukudanganya kuhusu Kijerumani cha leo: mein ni "yangu", na Rad ni gurudumu, ambalo katika mazungumzo ya kila siku ndilo baiskeli. Kosa ni kulichinja jina la zaidi ya miaka 1,100 kwa kisu kilichonolewa jana. Katika Kijerumani cha kale sehemu ya kwanza ya jina hilo ilikuwa magan au megin, yaani nguvu na uwezo, ambayo kwa kupita midomoni mwa vizazi vingi ilisagika ikawa mein. Sehemu ya pili ilikuwa rat, yaani shauri, na neno hilo halijafa hata leo, kwani Wajerumani huliita jengo la halmashauri ya mji Rathaus, nyumba ya shauri, na Waswisi huiita serikali yao Bundesrat, baraza la shirikisho. Tazama hata neno letu la halmashauri, lilivyobeba shauri ndani yake vilevile. Basi Meinrad ni mtu ambaye nguvu yake imo katika shauri lake. Nyumba nzima imekosa kushauriana, na jina linalokataliwa ndilo hilo lenye maana ya kushauriana. Hapo sihitaji kuongeza neno.

Majina ya Wajerumani wa kale yaliundwa kwa mtindo huo wa kuunga maneno mawili yenye heshima, kama vile ujasiri na shauri, ambayo ndiyo yaliyozaa Konrad. Familia nyingi zilikuwa na desturi ya kurudia nusu moja ya jina kutoka kwa mtu hadi mtu ili ukoo utambulike kwa masikio tu. Na hapa ndipo barua yako iliponikamata mkono. Alfred, jina la mzee wako unayemtukuza, lina nusu hiyohiyo: Waingereza wa kale waliiandika ræd, na maana yake ni shauri. Mfalme Alfred wa Wessex, aliyefariki mwaka 899, alikuwa na kaka aliyeitwa Æthelred, na wote wawili walibeba shauri mkiani mwa majina yao. (Baadaye alitawala Æthelred mwingine, aliyefariki mwaka 1016, ambaye watu walimpa lakabu yenye maana ya asiye na shauri, dhihaka iliyolipindua jina lake mwenyewe. Jina jema si dawa ya kila kitu, hilo nakubali.) Kwa hiyo baba yako na baba mkwe wako walikuwa ndugu wa jina kabla ninyi hamjaonana, na jina la baba yako ni la ukoo uleule wa lugha za Kijerumani za kale kwa upande wa Uingereza kama lilivyo la baba mkwe kwa upande wa bara.

Sasa niambie, mwanangu, kwa nini jina la kizamani la baba yako lina nafasi katika cheti na jina la kizamani la baba wa mumeo halina? Huna ugomvi na Kijerumani wewe. Una ugomvi na ukoo uliokuoa, na umemvika Jayden wa watu vazi la kukificha kisa hicho. Tena hukutazama mbele. Kwetu Tanzania jina la pili ndilo la baba. Mtoto akiandikishwa Jayden Alfred, mwalimu wake wa darasa la kwanza atamtafuta mzazi anayeitwa Alfred, na mumeo atasimama mlangoni akijieleza kwamba mwenye mtoto ni yeye. Mwanamume mpole anaweza kuvumilia mambo mengi, lakini hilo ulimwandalia bila hata kulitambua, au nisiseme zaidi.

Umelitaja jambo la wakoloni, nami sitalipita kwa mzaha, kwa kuwa si jambo la mzaha. Tarehe 27 Februari 1906 Wajerumani waliwanyonga mashujaa wa Wangoni pale Songea wakati wa Vita vya Majimaji, na mpaka leo mji huo unawakumbuka kila mwaka siku hiyo. Mtu wa Songea akisema hataki jina lolote lililokuja na watu wale, nitamheshimu. Lakini hoja hiyo ina masharti. Anayeitoa inabidi awe amemwandalia mtoto jina la mababu zake. Haiwezi kutolewa na mtu ambaye mkono wa pili ameshika Jayden, jina lililoshika kasi Marekani miaka ya 2000, wala haiwezi kutumika kumfundisha uchungu wa Songea mama mkwe aliyezaliwa kulekule. Usikope makaburi ya watu ili ushinde mabishano ya keki.

Isitoshe, jina lenyewe ni la kale kuliko dola iliyotuma askari wale, ambayo iliundwa mwaka 1871. Meinrad anayekumbukwa zaidi alizaliwa mwishoni mwa karne ya 8 huko Swabia, kusini mwa Ujerumani, akasomeshwa katika monasteri ya kisiwa cha Reichenau ndani ya ziwa Konstanz, akawa mmonaki, padri na mwalimu. Kelele za watu zilimchosha. Akapanda kwanza mlima wa Etzel, juu ya ziwa Zürich, akakaa peke yake kwa miaka kadhaa. Watu wakamfuata hukohuko wakitaka shauri, naye akazidi kujificha katika pori lililoitwa Msitu wa Giza. Hata huko walimfuata. Mnamo tarehe 21 Januari 861 walimjia wageni wawili, akawakaribisha, akawapa chakula na kinywaji, nao wakampiga marungu mpaka akafa, wakidhani ameficha hazina iliyotokana na zawadi za wale aliowashauri. Masimulizi yanasema kunguru wawili aliokuwa akiwalisha waliwafuata wauaji wale mpaka Zürich, wakipiga kelele juu ya vichwa vyao hadi wakashikwa. Ndiyo maana nembo ya Einsiedeln, monasteri iliyoanzishwa mwaka 934 mahali palipokuwa na kibanda chake, ina kunguru wawili, na mahujaji huenda huko hadi leo kusali mbele ya sanamu ya Bikira Maria mweusi. Wazee wetu walisema jina jema hung'ara gizani, ingawa nadhani hawakuufikiria msitu ule.

Wamonaki wa Mtakatifu Benedikto wanamhesabu Meinrad kuwa wa kwao, na hapo ndipo njia ya jina hilo inapofika nyumbani kwa mumeo. Wabenediktini wa Mtakatifu Ottilia, kutoka Bavaria, walifika katika nchi yetu mwaka 1888 wakaanzia Pugu, wakafungua Peramiho mwaka 1898 na Ndanda mwaka 1906. Hawakupita salama: Pugu ilishambuliwa mwaka 1889, na Askofu Cassian Spiss aliuawa mwaka 1905 akiwa safarini kuelekea Peramiho. Waliobaki walibatiza kwa majina ya watakatifu wa kwao, kwa hiyo leo ukipita vijiji vya Ruvuma na Mtwara utakutana na wazee wanaoitwa Engelbert na Gebhard ambao hawajawahi kuiona theluji. Huko Ujerumani kwenyewe ni nadra siku hizi kumsikia mtoto mchanga akiitwa Meinrad. Linaonekana ni jina la mababu. Sitashangaa nikiambiwa kwamba limepata uhai mrefu zaidi kwa watu waliolipokea kuliko kwa waliolileta, na jina likishabebwa na mtu aliyelima, aliyejenga nyumba, aliyemlea mumeo hata ukampenda, huyo aliyelibeba ndiye mwenyewe.

Unasema halitamkiki. Wajerumani hutamka "Mainrat", kwa kuwa d ya mwisho wao huikaza ikawa t. Sisi tutasema Mainradi, tukiongeza irabu mwishoni kama tulivyofanya kwa Alfredi na Benedikti, na hakuna ulimi utakaovunjika. Ama watoto wa shule kumwita Radi, hilo nimeliwaza sana, na nimeshindwa kuona mvulana gani wa miaka minane atakayelia kwa kuitwa Radi.

Nimeona pia ulivyomweleza mama mkwe wako. Mwanamke aliyefiwa na mume amesafiri kutoka Songea hadi Dar es Salaam, ana wiki tano anamwogesha mwanao ili wewe upumzike, na shtaka ulilomfungulia ni kwamba anatamka jina la marehemu mumewe. Humwoni kwamba anaomboleza? Anapolitaja jina hilo huku maji ya vuguvugu yakimshuka mjukuu wake mgongoni, hakutafuti wewe. Na mumeo unayesema hana sauti mbele ya mama yake, mimi namwona tofauti: ameshikilia neno moja tu katika ndoa yenu yote, na hilo moja unamnyima.

Ninyi vijana wa sasa mmeligeuza jina kuwa pambo la siku ya shughuli. Linachaguliwa kwa jinsi litakavyokaa juu ya fulana na puto, linatangazwa kwa marafiki kabla ya wakwe, na baada ya mwaka mmoja mtaa mzima una watoto sita wanaogeuka ukiita mara moja. Kwenye ndoa za siku hizi mnajadili rangi ya mapazia kwa wiki mbili, lakini jambo litakaloandikwa kwenye kitambulisho cha mtu mpaka kaburini mnaliamua mmoja mmoja kimyakimya, kila mtu akitumaini mwenzake atachoka. Usiache mbachao kwa msala upitao, tuliambiwa, nasi hatukuhitaji kuelezwa msala ni upi.

Uamuzi wangu ni huu. Mtoto aitwe Meinrad, afuate jina la baba yake, kisha la ukoo. Usajili wa kizazi unatakiwa ndani ya siku 90, nawe umeshatumia zaidi ya theluthi moja ukinung'unika, kwa hiyo tangulieni RITA, kwa wasajili wa vizazi, mkiwa wawili, mkiwa na tangazo la hospitali, na jina liandikwe kwa tahajia sahihi, e kisha i, ili lisije likamsumbua kwenye vyeti vya shule. Kanisani abatizwe kwa jina la somo wake, Mtakatifu Meinrad, na sikukuu yake iwe tarehe 21 Januari. Jina la baba yako liweke akiba kwa mtoto anayefuata, na siku hiyo mumeo akilikataa niandikie, nitamgeukia yeye kwa ukali uleule. Jayden mwite wewe ukiwa unamnyonyesha, hakuna atakayekuzuia.

Kabla ya hayo yote, jioni moja mkiwa jikoni, muulize mama mkwe baba mkwe alikuwa mtu wa namna gani, nani alimbatiza, na yeye mwenyewe alimwitaje walipokuwa wawili tu. Umsikilize mpaka mwisho. Kisha umpigie mwokaji: Jayden ina herufi sita na Meinrad ina saba, sidhani kama atakudai nyongeza.