Mwanangu, kuhusu ule wimbo wa dakika 14

Mwanangu Zuhura,

Asalaam aleikum. Sie huku Unguja wazima, ila mama yako goti linamsumbua na kukaa hataki.

Umeniuliza, kwa vile nimepiga fidla umri wangu wote, beti zipi uzitoe katika wimbo wa taarabu wa dakika 14 ili zibaki dakika 4 za hiyo filamu yako ya makala. Hilo sijui. Nijualo ni wapi pa kumweka mtu anayetunza, yule anayeinuka kumpa mwimbaji noti, na hapo ndipo nyinyi wahariri mnapotumaliza.

Lile la shangazi yako na mkanda wa video unalijua, lakini ulikuwa mdogo, hukuona lilivyoanza. Walikuja watu kurekodi klabuni kwetu. Shangazi yako akanyanyuka kwenye ubeti wa jirani mchongezi, na mtaa mzima wamjua huyo mchongezi ni nani. Akaja mbele kwa maringo, noti kaibana kwa vidole viwili, akaipunga juu kabla hajampa mwimbaji. Vigelegele! Mkanda ulipotoka, ubeti ule haumo. Shangazi yumo. Wamempachika kwenye ubeti wa wifi asiye na shukrani, nadhani kwa kuwa picha yake ilipendeza, na papo hapo unafuata uso wa mama yako, kakaa safu ya mbele. Wale wawili walikuja kusalimiana Idi ya mwaka wa pili, tena kwa kusukumwa.

Anayetunza hatunzi sauti, mwanangu. Anatunza mstari.

Hata mimi nimeonekana mle upinde umelala mapajani na fidla inalia. Wenzangu wanacheka mpaka leo. Hilo si kitu.

Utasema, nani atakaa dakika 14? Kweli, beshraf, ule muziki wa kufungulia usio na maneno, ya wengine hata mimi hunisinzisha. Na Siti binti Saad, mwimbaji wetu wa taarabu wa zamani, alipokwenda Bombay mwaka 1928, upande mmoja wa santuri ulichukua kama dakika 3 tu, na santuri zake zikanunuliwa mpaka bara. Nani alisema kaiharibu taarabu? Lakini tena, Siti aliimba kwa kipimo kile. Hakuimba wimbo mzima kisha akaja mtu na mkasi.

Basi kata. Au usikate. Ukinibana ningekwambia ubeti wa tatu hauna kazi, lakini sisemi, wewe ndiye fundi. Ila kama kuna mtu kainuka kutunza, mwache na ubeti wake, hata kama picha ina giza na kichwa cha mpiga dumbaki kimemziba nusu. Anatunza mstari, huyo. Na kabla hujatoa kitu, mpigie mwimbaji simu umuulize ubeti ule alimkusudia nani. Hatakwambia, lakini msikilize anavyokataa.

Baba yako