Kibarua wa halmashauri na mlango wa CMA: yaliyonikuta mimi

Mkuu, kwa hiyo dada yako kafanya usafi halmashauri miaka miwili, nusu siku, kwa malipo ya siku, na juzi kaambiwa kwa mdomo asirudi. Afisa utumishi akamalizia kwamba kibarua wa serikali hana pa kushtaki. Na mimi niliambiwa hivyohivyo, nikaamini, nikapoteza karibu mwezi mzima.

Nilikuwa masjala ya halmashauri moja, sitaitaja. Saa mbili hadi saa saba, kufunga barua kwenye mafaili na kuyazungusha ofisi kwa ofisi, shilingi 6,000 kwa siku. Hela ilitoka mapato ya ndani, makusanyo yakiyumba na sisi tunayumba. Watumishi walisaini daftari la mahudhurio na saa 1:30 unapigwa mstari mwekundu. Sisi vibarua tulisaini kurasa za nyuma za daftari hilohilo, mwanzoni kwa penseli, mpaka mhasibu alipogoma kulipa kwa penseli. Miaka miwili na miezi minne. Asubuhi moja nikafungua kurasa za nyuma, jina langu halipo.

Sasa lile jibu la afisa utumishi lina nusu ya ukweli, ndiyo maana linatisha. Kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma ya Tanzania, kilichoongezwa 2016, kinamtaka mtumishi wa umma amalize kwanza ngazi za malalamiko za huko utumishi kabla hajazigusa sheria za kazi. Lakini soma kifungu cha 3 cha sheria hiyohiyo. Kinapoeleza ofisi ya utumishi wa umma ni ipi, kinaitoa nje ile ambayo malipo yake ni ya saa, ya siku au ya mkataba wa muda. Yaani ile 6,000 ya siku iliyoninyima cheki namba, ile namba ya mtumishi kwenye orodha ya mishahara ya serikali, ndiyo iliyonifungulia mlango wa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, inayosikiliza migogoro ya kazi. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inawahusu wafanyakazi wa serikalini pia huku Bara, ukiacha jeshi, polisi, magereza na JKT. Kama uko Zanzibar, huko wana sheria yao.

Nusu siku nayo isimtishe. Sheria ya Taasisi za Kazi, kifungu cha 61, inamchukulia mtu kuwa mwajiriwa, mpaka ithibitishwe vingine, akiwa amemfanyia mtu kazi wastani wa saa 45 kwa mwezi kwa miezi mitatu ya mwisho. Mimi nilikuwa napita 100.

Kinachoua watu ni siku. Kuachishwa kazi unapeleka CMA ndani ya siku 30, madai mengine 60. Mimi nilikuwa naambiwa "njoo Ijumaa, dokezo liko kwa mkurugenzi". Ijumaa tatu nimekaa kwenye benchi la nje. Dereva mmoja wa pale ndiye aliyeniambia, mdogo wangu, hakuna dokezo hapo, wanakuhesabia siku. Nilipeleka fomu siku ya 27. Madai ya likizo ya mwaka wa kwanza yalishapitwa na siku.

Mkataba wa maandishi sikuwa nao. Kumbe mwajiri ndiye anayetakiwa kukupa, na asipouonyesha kwenye shauri, mzigo wa kuthibitisha unamwangukia yeye. Hata hivyo nilikuwa na picha za zile kurasa za nyuma kwenye simu, maana siku zetu zilikuwa zinapunguzwa mara kwa mara.

Kwenye usuluhishi mwanasheria wao alianza na 32A. Msuluhishi akauliza swali moja tu: cheki namba yake ni ipi? Sikuwa nayo, na 32A ikaishia hapo. Tukahesabu hela. Kiinua mgongo ni siku 7 kwa kila mwaka uliokamilika, kwangu siku 14, sh. 84,000. Notisi ilizua ubishi: anayelipwa kwa siku au wiki ni siku 4, wa mwezi ni 28, na wao walikuwa wakinihesabia kwa siku ila wananilipa mwisho wa mwezi. Nikapata 28. Likizo kidogo, na cheti cha utumishi, ambacho kilinisaidia kuliko hizo hela.

Dada yako asidai kuajiriwa moja kwa moja. Ajira za kudumu zina kibali na usaili wake, kukaa muda mrefu hakukupi. Adai stahiki.

Achukue fomu ya CMA namba 1 leo. Nakala ya halmashauri inapelekwa kwanza masjala igongwe muhuri wa kupokelewa, kisha ndiyo anasajili CMA. Auangalie muhuri palepale dirishani kama una tarehe. Wangu haukuwa nayo, tena umegongwa na kijana niliyemfundisha mwenyewe kugonga, ikabidi nirudi.