Kwa anayeanza kufuatilia vivimbe vya majani ya mchu

Msimu wangu wa kwanza wa kazi hii niliupoteza kwa haraka. Nilichuma majani ya mchu, mmoja wa miti ya mikoko, yaliyojaa vivimbe (uvimbe ambao mmea huota unaposhambuliwa na wadudu) kando ya Hori ya Tudor, Mombasa, nikayatia ndani ya chupa za plastiki na kufunga vifuniko kabisa, na baada ya siku chache nikakuta ukungu umetanda, pamoja na nyigu weusi wadogo kuliko punje ya ufuta. Niliandika daftarini kwamba nyigu hao ndio waliotengeneza vivimbe, jambo ambalo halikuwa kweli hata kidogo.

Mtengenezaji niliyekuwa nikimtafuta ni nzi dhaifu wa familia ya Cecidomyiidae, mwenye urefu wa milimita chache na papasi ndefu za kichwani zinazofanana na shanga zilizotungwa uzini. Usimchanganye na usubi anayetuuma jioni, kwa maana huyu hang'ati mtu. Spishi zake zilizokwisha kuelezwa duniani zinazidi 6,000, na huko Queensland, Australia, zipo za jenasi Actilasioptera zilizoelezwa mwaka 1998 kutokana na vivimbe vya mchu huu huu, Avicennia marina. Mdudu mpevu huishi siku moja au chache tu, kwa hiyo ukimsubiri kwa wavu huko mikokoni utarudi na matope matupu. Maisha yake yaliyo marefu ni yale ya ndani ya kivimbe: jike hutaga mayai kwenye tishu changa, na buu anapoanza kula, mmea wenyewe humjengea chumba na kumlisha.

Kabla ya kufuga chochote, pasua vivimbe vichache kwa wembe chini ya lenzi. Ukikuta buu wa manjano au wa rangi ya chungwa, asiye na miguu wala kichwa kinachoonekana vizuri, tazama upande wa chini wa kifua chake. Mabuu wa hatua ya tatu, ambayo ndiyo ya mwisho, aghalabu huwa na kijikoleo cha kahawia hapo, yaani kipande kigumu kilicho kama sepetu ndogo, nacho ndicho kitambulisho kizuri kuliko vyote. Usipokuta buu, huenda kivimbe ni cha utitiri, ambao nao huvimbisha majani.

Chuma vivimbe vilivyokomaa, kwa sababu jani lililochumwa hunyauka na buu mchanga hufa nalo. Chagua siku za bamvua, maji yanapokupwa mbali, na uchume kwenye miti kadhaa, si mmoja. Katika baadhi ya spishi watoto wa mama mmoja huwa wa jinsia moja, ilhali utambuzi mara nyingi huhitaji dume. Futa chumvi inayotolewa na majani ya mchu, kwani huvuta unyevu, nao unyevu wa Mombasa unatosha bila kuongezewa. Funika chupa kwa kitambaa chepesi, na uweke mchanga wenye unyevunyevu chini, maana baadhi ya spishi hushuka kugeuka pupa udongoni.

Wale wanaogeuka pupa humo humo kivimbeni huacha ushahidi ambao mimi niliupuuza. Pupa hujisukuma hadi nusu ya mwili wake itokeze nje, ngozi hupasuka, nzi huruka, na ganda jeupe hubaki limening'inia tunduni. Nyigu, ambaye buu wake alikuwa akimla mwenye nyumba, hutafuna tundu la mviringo na kuondoka bila kuacha ganda nje. Niliporudia kuyaangalia majani yangu ya awali, yaliyokuwa yamekauka ndani ya gazeti, karibu matundu yote yalikuwa safi, ila jani moja tu lilikuwa na maganda mawili yaliyoshikilia kwenye ukingo wa tundu. Kwa hiyo vivimbe vitupu usivitupe: vihesabu kwa aina ya tundu, kisha uviweke pamoja na wadudu waliotoka humo, na lebo iandikwe kwa penseli, kwa kuwa wino wa kalamu hufutwa na spiriti ya kuhifadhia wadudu.